Kwa Wifi Yangu Anayekataa Kufa Kwenye Televisheni

Wifi yangu Gudrun,

Simu hupokei. Ujumbe hujibu. Nimempigia hata jirani yako wa Hamburg, huko ulikokwenda kwa muda, Kiingereza chake na changu vikapigana mieleka mpaka tukakata simu bila kuelewana. Basi nakuandikia humu gazetini, mbele ya kadamnasi, kwa sababu nakujua. Maneno ya mdomo unaweza kuyaacha yapite, lakini kitu kilichochapishwa lazima ukisome mpaka nukta ya mwisho. Na watu wa hapa Guangzhou nao wasome, maana tangu habari yako ifike Xiaobei, mtaa wetu sisi Waafrika, wamekuwa wakiijadili kama kwamba umepigiwa kura uwe mali ya mtaa.

Nitakusimulia habari zako mwenyewe, univumilie, ili na wao wasikie. Wewe ni mke wa mdogo wangu Salum, muuza vitasa vya milango. Wewe ni mwigizaji wa filamu na televisheni za kwenu Ujerumani tangu ujana wako, na Wajerumani walio wengi hawalijui jina lako. Sasa una mvi, na kwa mara ya kwanza katika maisha yako umepewa nafasi kuu, tamthilia nzima juu ya mabega yako: mhasibu mstaafu, bibi mpole wa mji mdogo, anayeanza kuwaibia matajiri. Umeikataa. Umeikataa kwa sababu katika sehemu ya mwisho yule bibi anakufa, na wewe uliwahi kumwahidi mama yetu kwamba hutakufa tena mbele ya kamera. Wenye kazi wamekupa hadi mwisho wa wiki hii. Baada ya hapo bibi mwizi anapewa mtu mwingine.

Na mimi nimechoka. Nimechoka na wewe, nimechoka na wanaokupongeza. Nitaanza na wewe.

Unakumbuka siku ya kwanza nilipokuja kwenu hapa Guangzhou, ghorofa ile inayotazama barabara ya juu, nikakuta lile bango ukutani, karibu na mashine ya kufulia? Msichana amegeuka, anaonekana mgongo tu, nywele zimefungwa kwa kitambaa. Nikauliza ni nani. Salum akajibu kwa fahari, "Huyo wifi yako. Mgongo wake umezunguka Ulaya nzima." Ukacheka mpaka chai ikakumwagikia. Ndiyo filamu yako ya kwanza, ulikuwa hata hujatimiza umri wa kuaminiwa na gari, ukacheza binti wa dobi. Ulinieleza kwamba walikusifu sana, kisha ukakaa kungoja simu. Simu zikaja, ndiyo, lakini ziliita nani? Ziliita muuguzi anayesema "daktari anakuja." Ziliita jirani aliyesikia kishindo usiku. Ziliita mama wa mtoto aliyepotea, ambaye analia kidogo halafu kamera inamfuata askari.

Halafu ile tamthilia ya hospitali. Miaka umekaa mapokezi, unapokea wagonjwa wa uongo, mpaka watu wa kweli wakawa wanakuuliza dukani kama daktari fulani yuko zamu. Siku moja wakaandika kwamba yule mpokezi ameenda kula chakula cha mchana. Basi. Sehemu iliyofuata, hayupo. Iliyofuata tena, hayupo. Ukangoja arudi, ukajifunza na maneno yake ukidhani atarudi, kumbe waandishi wamemsahau na chakula chake mkononi. Uliponisimulia hayo tulikuwa tunakata vitunguu, na mimi nikatupa kisu. "Hukuwapigia?" nikakuuliza. Ukasema, "Niwaambie nini, wifi? Kwamba nimeshiba?"

Hapo ndipo hasira yangu na wewe ilipozaliwa, na hapo ndipo mapenzi yangu na wewe yalipozaliwa. Ni mtu wa namna gani anayesahauliwa na kazi yake hivyo, halafu akaendelea kuipenda?

Salum alikuja Hamburg kununua vipuri vya magari chakavu, siku hizo kabla hajahamia kwenye vitasa. Akaja nyumbani kwenu kuliona lori la marehemu baba yako. Wewe badala ya kulisifia ukaanza kumtajia ubovu wake mmoja mmoja, gia, breki, mlango usiofunga. Mswahili hajawahi kuuziwa kitu hivyo. Alinipigia simu jioni ile ile, "Dada, nimekutana na mwanamke hajui kuuza." Nikajua tayari tumepata bi harusi.

Ukamfuata huku. Na huku mdogo wangu, mwenye akili zote za biashara, akafanya kosa ambalo wafanyabiashara wetu wote wangelifanya: akadhani mke Mzungu ni mtaji. Akakuvalisha koti zuri akakupeleka soko la vitasa ili wakubwa wa maduka wamheshimu. Walimheshimu! Waliwaleteeni viti, wakawaleteeni chai, na bei ikapanda kama moto wa petroli. Kila mwenye duka, kila laoban, akikutazama wewe alikuwa anaona milango ya Ulaya. Salum anatoka jasho, anasema "ghali mno, ghali mno," laoban anakutazama wewe anatabasamu. Mkabadili mbinu, wewe uwe ndiye unayekasirika na kuondoka, ili muitwe kwa bei ya chini. Kila mtu Guangzhou anajua mchezo huo. Lakini wewe ulikasirika kweli, ukaondoka kweli, hukuangalia nyuma, mabega yako yalisema huyu mama harudi leo wala kesho. Hakuna aliyekuita. Laoban akaanza kufuta meza. Salum akabaki amesimama na sampuli mkononi, akakukimbilia mpaka kituo cha treni. "Mke wangu, jamani! Ondoka kama mtu anayetaka kuitwa!" Ukamjibu, "Hukuniambia. Uliniambia niondoke."

Huyo ndiye wanayemwita mwigizaji wa nafasi ndogo. Mtu ambaye wachuuzi wa Guangzhou, watu wanaosoma nyuso tangu asubuhi, hawakuweza kumgundua.

Sasa nifike kwenye lile la Mama.

Mama alikuja kutibiwa magoti, akakaa kwenu, kwa sababu kwangu hakuna lifti. Alikupenda kwa namna yake, yaani alikusumbua. Wali wako maji mengi. Khanga umeifunga kama gunia. Halafu Jumapili ile mchana Salum akapata kipande chako kipya, sijui alikipitishia wapi, akakiweka kwenye televisheni kubwa, akatuita sote. Wewe ulikuwa jikoni unakaanga sambusa, ukasema hutaki kujiona. Tukakaa. Wakatokea askari wawili, ufuo wa ziwa, baridi, ukungu. Kisha kamera ikashuka, na wewe hapo, umelala kwenye majani, macho wazi, mdomo wa buluu.

Mama akainua kichwa. "Huyu si Guduruni?"

"Ndiye, Mama," Salum akasema, kajaa furaha.

"Mbona kalala vile?"

"Kafa, Mama. Kauliwa."

"Kauliwa na nani?"

"Ndiyo wanamtafuta hao."

"Innalillahi wa inna ilayhi rajiun," Mama akasema. Nami nikamwambia, "Mama, ni mchezo tu, Gudrun huyo jikoni anakaanga." Na kweli ukatokea wakati huo huo, sahani mkononi, unga kwenye pua. Mama akakutazama wewe, akaitazama televisheni, akakutazama wewe. Akakushika mkono akakupapasa kama anayetafuta mfupa uliovunjika.

"We mtoto, unakufa mbele yangu halafu unakuja na sambusa?"

"Mama, ile ni kazi."

"Kazi gani ya kulazwa njiani hujafunikwa hata shuka? Hawana wanawake hao watu? Hakuna hata mmoja wa kukufumba macho?"

Salum akacheka. Mama akamgeukia, na wewe unajua jicho lile. "Cheka. Cheka Salum. Mtu hafi kwa mzaha."

Hakula sambusa. Kesho yake akakusanya kina mama wa Xiaobei wote aliowajua na asiowajua, kutoka Unguja, kutoka Tanga, hata yule mama Mkristo wa Lubumbashi wa ghorofa ya chini, akapika, akatoa sadaka, ukasomewa kisomo cha mtu aliyenusurika. Ulikaa katikati na mtandio wako ukimezwa na moshi wa ubani, na yule mama wa Lubumbashi akaninong'oneza, akiniita dada kwa lugha ya kwao, "Yaya, huyu mama alikuwa na bugonjwa gani?" Nikamwambia, "Televisheni." Akaitikia kwa kichwa, kwa huzuni kabisa.

Walipoondoka, Mama akakushika mikono yote miwili. "Niahidi. Hutokufa tena."

Na wewe, badala ya kumwambia kama ambavyo binti yake yeyote angemwambia, "Ndiyo Mama, inshallah," halafu ukaendelea na maisha yako, ukamtazama machoni ukasema kwa Kiswahili chako kilichonyooka kama rula, "Nakuahidi, Mama. Sitokufa tena."

Nilijua pale pale. Nilisema moyoni, huyu hajui kuahidi kwa adabu tu. Huyu ameahidi.

Na kweli. Wakala wako akapiga simu kutoka Berlin, kuna maiti nzuri, bafuni, siku moja tu. Ukamwambia, "Sifi." Akadhani unataka malipo zaidi. Akaleta mgonjwa wa saratani. "Sifi." Mwanamke aliyegongwa na treni. "Sifi." Wifi, nimetazama televisheni ya kwenu. Kila jioni lazima mtu afe, wasipokufa watu askari wote wanakosa kazi. Mwigizaji wa kiwango chako asiyekufa atakula nini? Wakala akakupunguza, akakupunguza, mpaka ikabaki sauti yako tu. Ukawa unawatia sauti ya Kijerumani wanawake wa filamu za kigeni, umejifungia kabatini na mablanketi, huku nje Xiaobei nzima inafunga mizigo. Ile selotepu! Kila dirisha, kraa, kraa, maboksi yanafungwa kwenda bandarini Huangpu, na kila kraa inaingia kwenye sauti yako. Ulikuwa unashuka ngazi kuwabembeleza. Yule mzee wa Lubumbashi, mume wa yule mama, alikuwa anakuita Mama Ujerumani kwa Kifaransa, "Mama Allemagne, utamaliza saa ngapi? Container inafungwa leo!" Na wewe unamwomba, "Papaa, dakika kidogo, huyu mwanamke yuko karibu kuachwa na mumewe." Anasimama na selotepu yake hewani, na vijana wake wote wamesimama, wanangoja mwanamke wa Kijerumani aachwe.

Ulikuwa unakuja kwangu na kusimulia hayo kwa kucheka. Mimi sikuwa nacheka. Nilikuwa nakuona unavyopungua.

Mama amekwisha kutangulia. Na sasa, baada ya yote hayo, muongozaji mmoja kijana anakumbuka mgongo wa binti wa dobi aliouona utotoni kwa wazazi wake, anauliza yule mama yuko hai? Anakupa bibi mwizi. Na wewe unasema hapana!

Uliponipigia kunieleza, mara ya mwisho tulipozungumza, nilikuuliza kama huwezi kuwaomba wabadilishe mwisho. Ukasema umeomba, hawakukubali, hadithi nzima inaelekea pale. Nikasema wachukue mtu mwingine alale badala yako, wakupige picha kwa mbali. Na hilo walikubali! Wewe ndiye uliyekataa. "Siwezi kumpa mtu uhai wa sehemu zote, halafu kifo chake nimpe mwingine. Ama nife mwenyewe, ama nisiicheze kabisa." Nikapiga kelele mpaka wateja ninaowatafutia bidhaa wakatoka ofisini. Ndipo ukasema lile jambo, kwa sauti ndogo: "Wifi, ahadi ile ndicho kitu pekee ninachoendelea kumfanyia Mama."

Hapo ulinishika. Nakiri. Nikakata simu kabla yako, na watu wanaonijua wanajua hilo si jambo la kila wiki.

Nisingeandika barua hii kama ingekuwa wewe na Mama tu. Lakini habari zikaingia kwenye kundi letu la simu, na kule zikapata wenyewe. Wameanza kukufanya mfano. Mmoja ameandika, tazameni Mzungu huyu anavyoheshimu wakwe, wanawake wetu wajifunze. Mwingine kasema afadhali, mwanamke mzima mwenye mume anakwenda kuigiza mwizi. Wa tatu, huyu namjua, mkewe yuko Dar es Salaam na hajamwona tangu mvua za mwaka juzi, kasema mahali pa mke ni alipo mumewe. Nikamuuliza mle mle kundini, basi wewe mahali pako ni wapi? Akatuma picha ya maua. Hawa ndio wanaokupongeza, Gudrun. Mwanamume akipanda ndege ni mtafutaji, mwanamke akipanda ndege ni mkimbizi. Mwanamume akitimiza neno lake ni mkweli, mwanamke akijinyima kitu ndiyo anaitwa mkweli. Sikatai kwamba ahadi ni kitu kikubwa. Nakataa ahadi yako kwa mama yangu igeuzwe fimbo ya kuwachapia wake za watu.

Na wala hawajui Mama aliomba nini. Hata wewe sidhani kama unajua, kwa sababu sisi hatukukwambia, si jambo la kusemwa nyumbani kwetu.

Tulikuwa na dada. Zuhura, mkubwa wetu sote. Alipelekwa Dar es Salaam kutibiwa, msichana tu, na Mama akabaki Unguja kwa sababu Salum alikuwa mchanga kifuani. Zuhura akafa kule. Mama alipovuka bahari akakuta wamekwisha kumzika. Waliomwosha walikuwa wanawake wasiomjua. Maisha yake yote Mama aliuliza swali moja kila alipokutana na mtu wa Dar es Salaam wa zama zile: nani alimfumba macho mwanangu? Na hakupata jibu.

Sasa rudi Jumapili ile. Sikiliza tena alichosema. Hakusema kuigiza ni haramu. Hakusema kazi yako ni mbaya, alikaa akakutazama mapokezi ya hospitali mfululizo na kukusifu kwamba una adabu na wagonjwa. Alisema, hawana wanawake hao watu? Mama aliona binti yake amelala peke yake ufuoni, macho wazi, na yeye kakaa mbali kwenye kochi, hawezi kumfikia. Aliomba asione tena kitu kile. Aliomba kwa ajili ya macho yake, Gudrun, na macho yake yamepumzika.

Jana nilikwenda ghalani kwa Salum. Nilikuwa na hasira naye pia, usidhani amepona. Alikuwa anakagua vitasa, anafungua na kufunga, anafungua na kufunga.

"Mkeo umemwambia nini?"

"Nimwambie nini, dada? Ahadi si yangu."

"Mama si wako?"

"Na wewe si wako? Mbona hukumwambia habari za Zuhura?"

"Usinigeuzie. Nakuuliza wewe, unataka nini?"

Akakiweka kitasa mezani. Kisha akasema, "Nataka kumtazama mpaka nichoke. Dada, kila mara nikienda kuchukua maji, nikirudi amekwisha pita. Namuuliza, ulishatokea? Ananiambia, ndiyo, usijali. Miaka yote ananiambia usijali." Akakichukua kitasa tena. "Mimi najali."

Hakuwahi kukwambia hayo. Nimeyaandika mimi, mbele za watu, na akinuna atanuna.

Mama alikata roho mkono wake ukiwa mkononi mwangu, na majina aliyoyataja kuyaombea dua yalikuwa ya watoto wake wote, na lako limo, kalitamka vibaya kama kawaida yake. Alikufa yu radhi nawe. Radhi hiyo haikuwa na masharti ya televisheni. Na kwa kuwa neno lako ulimpa yeye, na yeye kaacha watoto wawili duniani, sisi wawili tumekaa jana pale ghalani juu ya maboksi, tukamsomea Fatiha yeye na Zuhura, tukakubaliana: tunakufungua. Mimi nimesema, Salum kaitikia. Kama kuna wa kuulizwa juu ya neno hilo siku ya kuulizwa, tutaulizwa sisi.

Kwa hiyo wapigie leo. Uwaambie utakuja. Uwaibie matajiri wote wa mji ule, uwaibie vizuri, uwe mbele ya kamera mpaka mdogo wangu, huyo muuza vitasa, aishiwe maji ya kunywa na asithubutu kuinuka. Na siku ile ya mwisho ikifika, wakikulaza, mwambie muongozaji wako kijana aweke mwanamke mmoja karibu nawe. Asiseme kitu. Akufumbe macho tu. Akikuuliza kwa nini, mwambie ndivyo kwenu Unguja wanavyofanya.

Halafu ufe, wifi. Ufe mwenyewe, mpaka mwisho. Wakisema imetosha, inuka, unawe uso, upige simu nyumbani. Siku hiyo nitaipokea hata kama laoban ananitajia bei.

Ni mimi, mkubwa wa mumeo na mkorofi kuliko wote,

Wifi yako
Guangzhou